Kanga Zilizotandikwa Kushoto

Mwaka niliostaafu, niliwaambia wanawake kumi na mmoja watandike kanga zao upande usio sahihi wa bonde. Nilikuwa nimefundisha jiografia maisha yangu yote ya kazi. Mpaka leo wananitania, na nimeamua kuandika ilivyokuwa kabla utani haujaila habari yenyewe ikabaki mifupa.

Ili uelewe, kwanza nikuonyeshe bonde. Ukitoka Kilosa mjini kwenda Mikumi kwa njia ya Ulaya, milima inakuwa mkono wako wa kulia karibu safari nzima. Hapa na pale milima hiyo imeachana kidogo, kama nafasi iliyo kati ya vidole, na sisi tunaishi kwenye mojawapo ya nafasi hizo. Mdomo wa bonde letu unatazama mashariki, kwenye tambarare ya mahindi. Ukiingia, unapanda kuelekea magharibi, na kadiri unavyopanda ndivyo bonde linavyobana. Katikati kuna mto ambao wakati wa kiangazi unavukwa kwa kushika viatu mkononi. Upande wa kaskazini kuna mashamba ya mihogo na boma la mzee mmoja mfugaji. Upande wa kusini ndiko ziliko shule na nyumba zetu. Sasa simama nami kwenye mdomo wa bonde, tambarare ikiwa mgongoni na milima usoni. Kusini iko kushoto kwako, kaskazini iko kulia. Ukishika hilo, mengine yote ni mepesi.

Jirani yangu analima maharage na kuyauza siku za gulio. Binti yake wa mwisho nilimfundisha darasa la sita. Mwaka huo tulikuwa tunasoma ramani, na mistari ya kontua huwashinda watoto wengi, wala si kosa lao: unawapa karatasi bapa halafu unawaambia waone mlima. Kwa hiyo nilikuwa na desturi ya kufinyanga bonde letu kwa udongo ndani ya karai. Nilimwaga maji kidogo, nikachora kwa kijiti mstari pale maji yalipofika, nikaongeza maji, nikachora tena. Maji yakishatolewa, mistari inabaki udongoni, na mtoto anaona kwa macho yake kwamba kontua ni pwani ya bahari ambayo haipo. Wengine waliuliza kama hayo yatakuja kwenye mtihani. Yeye aliinamisha kichwa mpaka shavu likagusa ukingo wa karai, akafumba jicho moja, akatazama ndani ya bonde.

"Mwalimu," akasema, "ukiwa huku chini njia inaonekana."

Sikujua kwamba nilikuwa nimeshaona kazi yake ya baadaye. Nilimwambia ainuke, wenzake nao watazame.

Alisoma, akamaliza kidato cha sita Morogoro, akaingia jeshini, na baada ya muda tukasikia kwamba amechaguliwa kwenye kozi ya urubani. Siku habari hiyo ilipofika, jirani yangu aliacha kuitwa kwa jina la mtoto wake wa kwanza. Tangu hapo kila mtu anamwita Mama Rubani, hata mama mkwe wake.

Mama Rubani alikuwa na jambo moja lililomkaa moyoni. Kwetu mtoto akihitimu, au akiolewa, wanawake wa nyumbani humtandikia kanga. Zinapangwa ardhini moja baada ya nyingine kama njia, naye anapita juu yake huku vigelegele vinapigwa. Hakuna cheti wala hotuba inayoshinda hiyo. Mtu asiyetandikiwa na mama yake huwa kama amehitimu nusu. Binti alipomaliza kidato cha sita, mama alikuwa amelazwa. Alipomaliza mafunzo ya uaskari na wazazi wakaalikwa, mvua za masika zilikata barabara yetu, na mama alikaa siku mbili upande huu wa maji na kanga zake ndani ya kikapu, kisha akarudi nyumbani kupanda maharage.

"Mwanangu anapaa angani," aliniambia wakati fulani tukipepeta, "na hajapita juu ya kanga yangu hata moja."

Binti alikuja likizo fupi kiangazi cha mwaka ule. Tulikaa barazani kwao tukichambua maharage, nikamwomba anieleze wanajifunza nini, maana nilikuwa nimesikia wanapita chini chini kwenye mabonde badala ya kupita juu kama ndege nyingine. Alichukua kanga ya mama yake, akaitandika mkekani, akaikunja matuta mawili.

"Hili ni bonde," akasema. "Ndege ikipita chini ya vilele, mtu aliye nyuma ya mlima haioni. Ndiyo sababu moja. Sababu nyingine, watu wakizingirwa na mafuriko bondeni na mawingu yamekaa juu, hakuna njia ya kuwafikia isipokuwa kupita chini ya mawingu. Kwa hiyo lazima ujifunze."

"Na mnapita katikati," nikasema, kwa sauti ya mtu anayejua.

"Hapana, Mwalimu. Ukipita katikati umeligawa bonde nusu kwa nusu. Ukikuta mbele kumeziba na unataka kugeuka, una nusu tu ya kugeukia. Ukijibana upande mmoja, bonde zima ni lako." Akalaza kiganja chake ubavuni mwa tuta, akakipitisha taratibu, kisha akakigeuza kwa mzunguko mpana kikarudi. Nilifurahi. Niliona shavu lile kwenye ukingo wa karai.

Mama yake hakufurahi. "Unajibana na mlima? Na mlima ukikugonga?"

"Mlima haugongi, mama. Umekaa tu."

"Hicho ndicho kinachonitisha. Gari litakupisha. Mlima utakupisha?"

Tulicheka, tukaendelea na maharage. Nilimuuliza mengine mengi: kwa nini wanaruka asubuhi (jua likishapasha miteremko, hewa inapanda na ndege inarushwa kama gari kwenye mashimo), na kama anaogopa (wiki ya kwanza, ndiyo). Kitu kimoja sikumuuliza. Sikumuuliza ni upande upi.

Miezi miwili baadaye, mtendaji wa kijiji alitangaza kwamba kwa wiki moja ndege za mafunzo za jeshi zitapita milimani, watu wasishtuke na mifugo iangaliwe. Jumatatu asubuhi tulisikia mngurumo nyuma ya mlima, upande wa Mikumi. Haikuonekana ndege. Kimya kilifuata, na baada ya muda wa kuchemsha chai ya rangi na kuinywa bila haraka, mngurumo ukarudi. Jumanne vilevile, Jumatano vilevile. Mara mbili kila asubuhi, chai katikati. Mimi huzingatia vitu vya namna hiyo. Mwalimu mstaafu ana asubuhi ndefu.

Binti hakuwa na ruhusa ya kusema mambo ya kazi kwenye simu, na hakusema. Alimwambia mama yake maneno manne tu: "Alhamisi uwe nje mapema."

Mama Rubani alikuja kwangu Jumatano jioni, bado ana unga mikononi. Hakukaa.

"Nitamtandikia," akasema. "Apite juu yake kwa ndege. Kupita ni kupita. Nimeshazungumza na wenzangu. Wewe niambie nitandike wapi. Alisema wanashika upande mmoja. Upi?"

Hapa naomba univumilie nikueleze kichwa changu kilivyofanya kazi, kwa sababu kosa lenyewe liko hapa. Kabla ya kuhamia kijijini nilifundisha miaka saba Mikumi, kwenye shule iliyo karibu na barabara kuu ya Iringa. Malori yanapita pale usiku na mchana. Kila asubuhi nilisimama kando ya lami nikivusha watoto, na kila wiki nilifundisha somo lilelile: gari linashika kushoto, kwa hiyo la kwanza linatoka kulia kwako, tazama kulia, kushoto, kisha kulia tena. Nimelisema hilo mara nyingi kuliko nilivyosema jina langu. Hivyo Mama Rubani aliponiuliza upande, sikufikiri. Jibu lilikuwa tayari limekaa mdomoni.

"Kushoto," nikamwambia. "Ataingia kutoka tambarare, atashika kushoto. Kusini. Upande wetu huu huu."

"Una hakika?"

"Nchi hii kila kitu kinashika kushoto."

Alhamisi saa moja tulikuwa kwenye kilima kilicho juu ya shule, mahali palipo wazi, nyasi zimeliwa na mbuzi. Tulikuwa kumi na watatu ukinihesabu mimi na Mama Rubani. Kanga zilikuwa thelathini na kitu, nyingine mpya na gundi yake, nyingine zimefifia kwa kubebea watoto. Tulizipanga mstari mmoja tukazikandamiza kwa mawe pembeni. Mama Rubani alipita nyuma yetu akizigeuza, maana alitaka maandishi ya kanga yasomeke na mtu anayetoka mashariki.

"Kwa mwendo ule atasoma?" akauliza jirani yetu mwingine, muuza vitumbua, mwanamke ambaye hajawahi kuacha neno likapita bila kulishika mkia.

"Asome asisome, zikae vizuri."

"Basi mwambie apunguze mwendo, nimpe na vitumbua."

Saa mbili na robo hivi tukasikia mngurumo, safari hii si nyuma ya mlima. Ulitoka tambarare. Wote tuligeukia mdomo wa bonde. Mama Rubani alisimama mwanzo wa mstari wa kanga, mikono kifuani, kama mtu anayepokea mgeni mlangoni.

Ndege ndogo yenye pangaboi mbele iliingia bondeni chini kabisa, chini yetu sisi tuliokuwa kilimani. Nilikuwa sijawahi kuitazama ndege kwa juu. Mabawa yake yalionekana kwa mgongo, na kivuli chake kilikuwa kinakimbia nayo mteremkoni, kikipanda vichuguu na kushuka. Ilikuwa nzuri sana. Na ilikuwa ng'ambo. Ilipita imejibana na milima ya kaskazini, juu ya mihogo, juu ya boma la yule mzee mfugaji, na ng'ombe wake tukawaona wanatawanyika kama punje zilizomwagika. Kisha ikaingia kwenye kona ya bonde, ikapotea magharibi, na sauti yake ikafuata.

Hakuna aliyepiga kigelegele. Kanga zetu zilikuwa zimelala pale, maandishi yakitazama mashariki.

"Mwalimu," muuza vitumbua akasema taratibu, "ile ni kushoto?"

Mama Rubani hakunitazama, na hilo lilikuwa zito kuliko swali lile. Alikaa chini palepale alipokuwa amesimama, juu ya kanga ya mwanzo.

Kilichofuata kilikuwa cha haraka. Mmoja alisema, "Atarudi, siku zote zinarudi," na mwingine akasema, "Basi twendeni ng'ambo," na kabla sijapata sauti, mawe yalikuwa yanatupwa pembeni na kanga zinakunjwa mafungu. Wakazibeba vichwani wakaanza kuteremka kuelekea mtoni. Kuvuka mto na kupanda mpaka kwenye mihogo ni nusu saa kwa mtu mwenye magoti mazuri. Chai ya rangi haichukui nusu saa. Niliwaita, wakaniambia bila kugeuka kwamba safari hii watafuata akili zao.

Nikabaki na Mama Rubani. Aibu ilikuwa imenikaa shingoni, na mtu mwenye aibu hufanya vitu vya ajabu. Mimi nililaza kiganja changu hewani kama yule binti alivyofanya mkekani. Nikakiingiza bondeni kikitazama magharibi, kikiwa kimejibana kaskazini. Nikaangalia: upande wa mlima ulikuwa kulia kwake. Kumbe wanashika kulia. Nikakigeuza kwa mzunguko mpana, kikatazama mashariki kinarudi, nikakijibana tena kulia. Kilikuja kuelekea tumboni kwangu.

Jaribu mwenyewe kwa mkono wako, utaona. Anayeshika kulia wakati wa kwenda na kulia wakati wa kurudi hapiti mteremko mmoja mara mbili.

"Mama," nikamwambia, "tusiondoke. Akirudi atapita hapa."

"Jana ulisema atapita hapa."

"Jana nilisema kwa mazoea. Leo nimetazama." Nikamwonyesha kiganja, kwenda na kurudi, mara mbili. Alifuatilia kwa macho kama alivyokuwa akifuatilia mizani ya wanunuzi wa maharage.

Angeweza kuwakimbilia wenzake. Hawakuwa wamefika hata nusu ya mteremko, na kama mimi nimekosea tena, angalau akiwa nao angemwona binti yake kwa karibu zaidi. Asingepata Alhamisi nyingine.

"Wewe ndiye uliyemfundisha mabonde," akasema mwishowe. "Nimsikilize nani mwingine? Lakini nimebakiwa na hii niliyoikalia tu."

Aliinuka, akaikung'uta, akaitandika upya na kuikandamiza kwa mawe manne. Nilivua kanga yangu begani nikaiweka mbele ya yake. Hazikuwa za doti moja. Yake nyekundu, yangu ya kijani. Alizitazama, akainama, akazigeuza zote mbili kichwa chini miguu juu.

"Sasa anatoka magharibi," akasema.

Tulisimama. Chini, wanawake walikuwa wamefika mtoni na wanavua viatu. Nilihesabu moyoni muda wa maji kuchemka, nikatia majani, nikamimina. Nilikuwa kwenye kikombe cha pili cha chai ile isiyokuwepo mngurumo uliposikika juu ya bonde.

Ilitoka kwenye kona ikiwa imelala ubavu mmoja, ikanyooka, na ikaja. Imejibana kusini, upande wetu, karibu sana hata nilitaka kupiga hatua nyuma. Niliona helmeti mbili, ya mbele na ya nyuma. Ya mbele haikugeuka hata kidogo. Mngurumo ulitujaa masikioni, nyasi zikalala, na kivuli kikapanda kilima kutoka upande wa shule, kikapita juu ya nyekundu, kikapita juu ya kijani, kikaondoka. Ni muda wa kupepesa jicho.

Mama Rubani alipiga kigelegele kimoja kirefu. Kutoka mtoni kikajibiwa. Wale wanawake, walipoona ndege inarudi upande walioukimbia, walikuwa wameshusha mafungu na kuzitandika kanga zote palepale kwenye mchanga, nusu yake ndani ya maji, na walikuwa wamesimama katikati ya rangi zile miguu mitupu wakipiga vigelegele kuelekea juu.

"Amepita," Mama Rubani akasema. Machozi yalikuwa yanamtoka na hakuyafuta. "Umeona? Kivuli chake kimekanyaga."

"Nimeona."

"Zote mbili."

"Zote mbili."

Mchana wake mzee mfugaji alivuka mto kuja dukani. Tulimsalimu shikamoo, akaitikia marahaba, akatuuliza kama ni kweli tulikuwa tunamngojea yule binti. Tukamwambia ndiyo. "Mbona hamkunipa habari?" akasema. "Amepita juu ya boma langu na sikuwa nimetandika hata ngozi."

Jumamosi binti alipiga simu, mama akaweka spika ili nami nisikie. Alitusikiliza mpaka mwisho. Kisha akacheka, akanieleza bila kunidhalilisha: angani watu wa dunia nzima wanashika kulia, ili ndege mbili zikikutana uso kwa uso bondeni kila rubani ajue mwenzake atakwenda wapi. Barabara za nchi gani zinashika wapi, hilo halihusu. Nilimwambia nimeelewa. Nilimwambia pia kwamba maelezo yake yalikuwa mazuri kuliko yangu.

Mama yake alikuwa anasubiri zamu yake. "Uliziona?"

"Mama, sitakudanganya. Sikuona. Pale kwenye kona macho yote yanakuwa mbele. Mkufunzi wangu anayekaa kiti cha nyuma ndiye aliyeniuliza baadaye, kule mtoni kulikuwa na nini, mbona kama watu wameanika nguo ndani ya maji."

Nilimtazama Mama Rubani nikijiandaa kumfariji. Hakuhitaji. Alikuwa anatabasamu huku anachambua maharage yake, simu imelala gotini.

"Sawa tu, mwanangu," akasema. "Hata bibi harusi hatazami chini. Wewe tazama mbele. Kanga tunaziona sisi."

Muuza vitumbua, aliyekuwa amesimama mlangoni muda wote huo bila kukaribishwa, akaomba naye aulize swali moja. Alitaka kujua mara nyingine atapita lini, ili Mwalimu apewe nafasi ya kuelekeza upande wa tatu.